Cheki Ikirudi na Korti Ikiamua Mlipwe, Pesa Mtazipataje?



Kikundi kimoja cha akina mama kiliuza maharagwe kwa mfanyabiashara wa mjini. Aliwaandikia cheki ya shilingi 84,000. Walipoipeleka benki, ikarudi: akaunti haina kitu. Wakaenda polisi, kesi ikasikizwa, mtu akapatikana na hatia na kutozwa faini. Akina mama wakarudi nyumbani wakiimba. Mwezi ukapita, wa pili pia, hakuna hata senti. Walipotuuliza, ilibidi tuwaambie ukweli: faini huenda kwa serikali, si kwa aliyedhulumiwa.

Ili jambo hili lisiwapate nyinyi, tuangalie njia hatua kwa hatua.

Kwanza, ombeni fidia mapema. Kifungu 316A cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya kinasema anayeandika cheki akijua hana pesa za kutosha, au akijua akaunti imefungwa, ana kosa. Adhabu ni faini isiyozidi shilingi 50,000, au kifungo kisichozidi mwaka 1, au yote mawili. Lakini angalieni: kosa la kukosa pesa za kutosha haliihusu cheki iliyoandikwa tarehe ya mbele. Hakimu pia anaweza kuamuru mkosaji awalipe fidia. Basi mwambieni kiongozi wa mashtaka kabla adhabu haijatolewa, na mumpe cheki iliyorudi, barua ya benki na risiti za mali. Msiponyamaza, mtasikika.

Pili, kama fidia haikuamriwa, deni bado lipo. Mnaweza kufungua kesi ya madai ndani ya miaka 6. Pale ilipo Korti ya Madai Madogo, inasikiza madai hadi shilingi 1,000,000, na sheria inataka kesi iishe kwa siku 60. Si lazima muwe na wakili.

Tatu, hukumu haijilipi yenyewe. Hapa ndipo wengi hulala. Amri ya fidia hutekelezwa kama hukumu ya madai. Mdaiwa akikataa kulipa, nendeni kwa karani wa korti mkaombe utekelezaji. Njia ni hizi:

(a) Dalali wa korti mwenye leseni huandika mali ya mdaiwa na kumpa siku 7 alipe, la sivyo iuzwe. Nguo za kuvaa, vyombo vya kupikia na vitanda vya jamaa yake haviguswi.

(b) Korti huagiza benki, au mtu yeyote anayedaiwa na mdaiwa wenu, awalipe nyinyi.

(c) Kama ameajiriwa, sehemu ya mshahara hukatwa. Theluthi mbili hubaki zake.

(d) Jela ya madai, isiyozidi miezi 6. Ataitwa kwanza ajieleze. Korti haimfungi mtu kwa umaskini wake, bali kwa kukataa kulipa hali anacho. Tena chakula chake huko ndani hulipiwa na nyinyi wadai, na akitoka deni halijafutika. Kwa hivyo isiwe ya kwanza kukimbilia.

Jambo la maana kuliko yote ni kujua mali yake iko wapi. Dalali hawezi kukamata asichokijua. Andikeni nambari ya gari lake, mahali pa duka lake, na benki iliyo kwenye cheki yenyewe. Msiende kujichukulia mali kwa nguvu. Hapo mtageuka washtakiwa nyinyi.

Akija na pesa kidogo kidogo, pokeeni, lakini muandikiane na kila mara mumpe risiti. Hukumu hudumu miaka 12, basi asiwachoshe kwa kungojea.

Akina mama wale walianza upya na karatasi zile zile, maana mweka hazina wao alikuwa hajatupa hata moja. Walipata hukumu, wakamwonyesha dalali lori lilipolala. Mfanyabiashara alilipa kwa awamu tatu kabla ya mnada.

Mkutano ujao, ulizeni: je, karatasi zetu zimewekwa wapi, na ni nani anazo?