Ankete ya gereza: ni nani anahesabu wafu?

Nyuma ya ile usiku ya Makala, mama mmoja wa hapa Mwadingusha alikuja kutuona. Anauza samaki wa ziwa Tshangalele, na mtoto wake amefungwa Buluwo, karibu na Likasi. Hakuuliza sana mambo ya Kinshasa. Aliuliza tu: «Kama ingekuwa huku kwetu, nani angekuja kunielezea? Bao benyewe?»

Hatukuwa na jibu ya haraka. Tulikaa naye chini ya muembe, tukaanza kupanga yale yaliyosemwa.

Usiku wa kuamkia tarehe 2 septemba 2024, wafungwa wa gereza kuu la Makala walijaribu kuvunja na kutoka. Gereza hilo lilijengwa kwa watu 1.500, siku zile lilikuwa na zaidi ya 12.000. Kwanza serikali ilisema wafu ni 2. Kesho yake Jacquemain Shabani, waziri wa mambo ya ndani, akatangaza 129: 24 walipigwa risasi nyuma ya kuonywa, wengine walikanyagana ao walikosa pumzi. Majeruhi 59. Alisema pia kama wanawake walibakwa.

Toka 2 mpaka 129 kwa siku moja. Lakini hesabu peke yake si ndiyo inatusumbua. Kinachotusumbua ni lile neno «kuonywa». Nani alisikia askari wakionya? Aliyesikia yuko hai? Ankete ilikuwa haijamaliza kazi, na jibu lilikuwa limekwisha kutolewa na mukubwa mbele ya televizyo. Constant Mutamba, waziri wa sheria wa wakati ule, naye akasema ni hujuma iliyopangwa. Magereza yalikuwa ya wizara yake. Sasa mutumishi mdogo wa komisyo, anayengojea mushahara, ataandika kinyume cha mawaziri wawili?

Siye watu wa migodi tunaijua hiyo njia. Katika kampuni moja, jina tunaliacha, jiwe lilimwangukia mwenzetu akafa. PV ililetwa ikiwa imekwisha kupigwa mashini: «Uzembe wa mfanyakazi, hakuvaa kofia.» Na sisi tulimtoa kule chini na kofia yake kichwani, imepasuka. Wajumbe wetu walikataa kutia sahihi. Walitishwa, waliitwa ofisini mmoja mmoja, siku ine nzima. Mwisho ikaandikwa kama mahali pale hapakuwa na miti ya kushikilia mwamba. Tuliweza kukataa kwa sababu kanuni ya kazi ya 2002 inawapa wajumbe wa wafanyakazi kiti katika komite ya usalama. Bila kile kiti, mwenzetu angezikwa na kosa lisilokuwa lake.

Mufungwa hana kiti kama hicho. Yuko kapita, ndiyo, lakini kapita anaishi kwa kibali cha direkta. Na ile parke inayopaswa kufanya ankete? Tangu katiba ilipobadilishwa januari 2011, kifungu cha 149 hakihesabu tena parke ndani ya mamlaka ya mahakama inayojitegemea. Waziri wa sheria anaweza kuiamuru. Mwenye ufunguo wa gereza na mwenye kuamuru ankete ni mtu mmoja. Hatusemi kila majistra ni mwongo. Wako wenye roho safi. Lakini katika mgodi hatungojei roho safi ya mukubwa, tunataka miti ya kushikilia.

Hata huku Katanga tumeona. Septemba 2020 wafungwa wa Kasapa, Lubumbashi, waliasi, sehemu ya wanawake ikachomwa, na kwa siku tatu wanawake walibakwa. Mwaka mmoja nyuma yake Human Rights Watch ilikuwa bado inaomba ankete ya kweli na matunzo kwa wale wanawake. Siku tatu! Mlinzi analindaje gereza siku tatu pasipo kuingia? Swali hilo ni la wakubwa. Kuwatafuta wafungwa waliobaka ni lazima, lakini ni rahisi zaidi: wamekwisha kufungwa.

Wako wanaotuambia: wafungwa wanauana wenyewe, mwalilia nini? Kweli, wako wabaya mule. Wako pia wengi ambao hawajahukumiwa hata siku moja. Na kifungu cha 18 cha katiba hakichagui: kila aliyefungwa atunzwe kwa namna inayolinda uhai wake, afya yake na heshima yake.

Tunachotaka ni kidogo. Majina ya wafu, si hesabu tu. Daktari asiyelipwa na gereza afungue maiti aseme risasi iliingilia mbele ao mgongoni. Mtu wa jamaa za wafungwa akae ndani ya komisyo, naye awe na haki ya kukataa sahihi.

Yule mama tulimpa kaye ndogo. Tulimwambia aandike tarehe ya kila siku anayopeleka unga na samaki, namba ya mtoto katika buku la gereza, chumba anacholala, na jina la askari aliyepokea chakula. Hajui kuandika vizuri. Binti yake wa darasa la sita anamuandikia. Juma iliyopita alituonyesha: kurasa mbili zimekwisha kujaa.