Je, Eropleni Yaweza Kuamuru Mvua?

Mwanafunzi mmoja wa darasa letu alichora chombo cha ajabu katika daftari lake. Kina mabawa kama ya tai, mapipa mawili tumboni, na vifungo vitatu mbele ya rubani: cha kuruka, cha kuleta mvua, na cha kuizuia. Sisi tulicheka, lakini mwenyewe hakucheka. Kwao ni Kilosa, karibu na mto Mkondoa. Mafuriko ya Desemba 2009 na Januari 2010 yaliharibu nyumba nyingi huko, yakavunja reli kati ya Kilosa na Gulwe, na watu wakahamia kwenye mahema. Basi nimeona yafaa kueleza hapa ni kipi katika chombo chake chawezekana, na kipi ni ndoto.

Tuanze na kuruka. Atakaye somo hili na aende uwanda wa Mkata, katika Hifadhi ya Mikumi iliyoanzishwa mwaka 1964, jua likiisha kupanda. Atawaona tumbusi wakizunguka juu bila kupiga bawa. Jua huipasha moto ardhi, ardhi huipasha hewa, na hewa yenye moto hupanda. Tumbusi huingia ndani ya hewa hiyo, ikambeba. Eropleni nayo hubebwa na hewa, ila yenyewe hujitafutia upepo wake kwa nguvu ya injini: bawa huisukuma hewa chini, na hewa hulisukuma bawa juu.

Hewa hiyo hiyo imbebayo tumbusi ndiyo ijengayo wingu. Kadiri inavyopanda ndivyo inavyopoa, na mvuke uliomo hugeuka kuwa matone madogo sana. Milima nayo huifanya hewa ipande. Pepo zitokazo Bahari ya Hindi hukutana na milima ya Uluguru, zikapanda na kumwaga mvua nyingi upande wa mashariki. Zikivuka kuja Mkata, zimekwisha punguza mzigo wake. Ndiyo sababu uwanda ule ni mkavu kuliko Uluguru.

Sasa, je, mtu aweza kuliamuru wingu? Tone la wingu ni dogo mno, halianguki. Yapata matone milioni moja sharti yaungane ili lipatikane tone moja la mvua. Wataalamu walijiuliza kama waweza kuyasaidia yaungane. Tarehe 13 Novemba 1946, huko Marekani, Vincent Schaefer alipanda eropleni akamwaga kilo chache za barafu kavu, yaani hewa ya kaboni iliyogandishwa, katika wingu lenye baridi kali. Theluji ikaanza kuanguka kutoka wingu lile. Mwezi huo huo Bernard Vonnegut aligundua kuwa moshi wa iodaidi ya fedha waweza kufanya kazi ile ile. Kwa mawingu yasiyo na baridi kali, hutumiwa chumvi iliyosagwa, kwa kuwa chumvi huvuta maji.

Msidhani mambo haya ni ya mbali. Kati ya Januari na Aprili 1952, watu wa Idara ya Hali ya Hewa ya Afrika Mashariki walifanya majaribio Kongwa, ng'ambo ya milima yetu, mahali ambapo ule mpango mkubwa wa karanga ulikuwa umeshindwa, na ukame ukiwa sababu mojawapo. Walirusha maputo yaliyobeba baruti na chumvi ya unga, yakapasuka karibu na mawingu. Katika miaka ya 1960, huko Kericho nchini Kenya, roketi zilirushwa mawinguni ili mvua ya mawe isiharibu majani ya chai. Thailand ilianza kazi ya namna hii mwaka 1969, na hata serikali yetu, wakati wa ukame, ilifikiria kupata ujuzi huo kutoka Thailand.

Lakini tupige hesabu. Milimita 1 ya mvua juu ya kilomita 1 ya mraba ni lita 1,000,000, yaani tani 1,000 za maji. Mvua nzuri ya milimita 50 ni tani 50,000. Eropleni ichukuayo tani 5 ingehitaji safari 10,000 kunyesha eneo hilo dogo tu! Kwa hiyo eropleni haileti mvua. Hulisukuma kidogo wingu ambalo tayari lina maji. Mbingu ikiwa tupu, rubani atarudi na chumvi yake. Na wingu la gharika likiisha kujengeka, hakuna kifungo cha kulizuia.

Hata kama kifungo kingekuwapo, shida isingekwisha. Maji yaliyofurika Kilosa hayakuwa ya mvua ya Kilosa peke yake. Mkondoa hupokea maji ya mto Kinyasungwe, utokao nchi ya Dodoma. Mkulima wa Dodoma akibonyeza kifungo cha mvua kwa haki kabisa, kwa kuwa shamba lake linakauka, maji yake hushuka kwetu. Nani atakuwa na haki ya kushika usukani? Dunia imekwisha kuona hatari hii. Katika vita vya Vietnam, Marekani ilimwaga dawa mawinguni ili kuongeza mvua na kuharibu njia za adui. Baadaye, mwaka 1977, mataifa yalianza kutia sahihi mkataba unaokataza kuyafanya mazingira kuwa silaha ya vita.

Wahenga walisema tusimwage maji ya mtungini kwa kutegemea mawingu. Vyombo vyetu vya kweli ni vinne: miti katika miteremko ya Rubeho, ambayo huyapunguzia maji mbio, kingo za mto zisizolimwa, matuta na mabwawa yanayotunzwa kabla hayajabomoka, na habari za Mamlaka ya Hali ya Hewa, zikisikilizwa mapema.

Cha tano twaweza kukianza wenyewe. Naomba shule yetu iweke kipimo cha mvua uwanjani, na kila siku saa tatu asubuhi mwanafunzi mmoja asome na kuandika. Mwenzetu mchoraji amekubali kushika zamu ya kwanza. Chombo chake bado amekihifadhi daftarini, ila kile kifungo cha tatu amekifuta.