Uwezo, Sababu na Nia

Novemba 2, 1978 Mwalimu Nyerere alilitangazia taifa kwamba uwezo wa kumpiga Idi Amin tunao, sababu tunayo na nia tunayo. Naona maneno hayo yamedumu kwa kuwa hayakusifu vita. Yalimweleza askari wajibu wake. Kampala ilitekwa Aprili 11, 1979.

Desemba 3, 2023 maporomoko ya tope kutoka Mlima Hanang yaliifunika Katesh. Askari wa JWTZ walikuja, safari hii si kwa kumpiga adui, bali kufukua tope na kutafuta watu.

Ushujaa wao tumeuona. Sasa nawauliza ndugu zangu wa Hanang na Mbulu: sababu ya kuhama njia za maji tunayo, nia je, tunayo?