Sammy Baloji

Sammy Baloji (alizaliwa Lubumbashi, 1978) ni mpiga picha na mtengenezaji wa filamu za majaribio kutoka Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Anajulikana kwa kuchukua picha na filamu za wakati wa ukoloni wa Ubelgiji na kuzipanga pamoja na picha za leo. Anaishi na kufanya kazi Lubumbashi na Brussels.

Historia na kumbukumbu

Lubumbashi, mji wa Katanga ambako Kiswahili ni lugha ya kila siku, ulikua kwa ajili ya shaba. Kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga, iliyoanzishwa mwaka 1906, iliwaleta wafanyakazi kutoka mbali, ikawaweka kambini na kuwapiga picha kwa ajili ya kumbukumbu zake. Mwaka 1967 migodi ilichukuliwa na serikali, na baadaye kampuni ikaitwa Gécamines.

Kazi ya Baloji iitwayo Mémoire (2006) ilitokana na picha hizo. Aliwakata wafanyakazi kutoka picha za zamani za rangi nyeusi na nyeupe, akawabandika juu ya picha za rangi za viwanda vilivyochakaa. Hivyo watu waliopigwa picha kama mali ya kampuni wanasimama mbele ya magofu yake wakimtazama mtazamaji. Katika video yenye jina hilohilo, mcheza dansi Faustin Linyekula anacheza ndani ya kiwanda kilichoachwa, huku zikisikika hotuba za kisiasa za zamani.

Filamu za Yangambi

Aequare: The Future that Never Was (2023) inahusu Yangambi, kituo cha utafiti wa kilimo kando ya mto Kongo, karibu na Kisangani. Baloji anachanganya filamu za propaganda za Wabelgiji na picha alizopiga mwenyewe mahali palepale. Ugumu wake ni kwamba filamu hizo za zamani zilipigwa na upande mmoja tu: Mkongo anaonekana akifanya kazi, lakini anayeeleza ni mwingine. Kwa hiyo kuzionyesha peke yake kungekuwa kurudia maneno ya mkoloni.

Katika filamu yake ndefu ya kwanza, L'arbre de l'authenticité (2025), Baloji alijaribu njia nyingine, yaani kuwapa sauti wasimulizi. Mmoja ni Paul Panda Farnana (1888–1930), mtaalamu wa kilimo, Mkongo aliyesoma Ubelgiji, akapigana upande wa nchi hiyo mwaka 1914 na kutekwa na Wajerumani. Msimulizi mwingine ni mti. Filamu hiyo ilipata tuzo maalumu ya majaji katika tamasha la Rotterdam mwaka 2025.

Shughuli nyingine

Baloji ni mmoja wa waanzilishi wa Picha, kituo cha sanaa cha Lubumbashi chenye jina la Kiswahili, na wa maonyesho ya sanaa ya mji huo yaliyoanza mwaka 2008. Mwaka 2009 alipewa tuzo ya Prince Claus ya Uholanzi.