Bwana Thomson na Kalamu Zake Mbili

Wazazi wengi huuliza, na kuuliza kwao ni kwa haki, kama yafaa kijana anayesomeshwa elimu ya maumbile apoteze usiku wake juu ya hadithi za kusisimua: hadithi za wauaji na wapelelezi, za hazina zilizofukiwa na mapango yasiyo na mwisho. Nao wapo vijana wetu wenye elimu ambao wangependa kuzitunga hadithi za namna hiyo, lakini huona haya, wakidhani kwamba mtu wa vipimo na hesabu akiandika mambo ya kubuni ameivunja heshima ya elimu yake. Suala hili si geni katika nchi yetu. Katika njia ile ya misafara ipitayo Tabora walipata kupita wageni wawili waliopima nchi kwa vyombo, wakawaandikia watu wote vitabu vya elimu, kisha wakageuka wakatunga hadithi za mikasa. Khabari zao zafaa kusimuliwa, khasa za yule wa pili.

Msomaji na aikumbuke Tabora ya siku hizo. Wasafiri waliijua kwa jina la Kaze, na nchi yenyewe kwa jina la Unyanyembe. Msafara ulitoka Bagamoyo, ukapita Ugogo kwenye shida ya maji, na ukifika Unyanyembe watu walitua mizigo na kupumzika, kwani hapo ndipo njia zilipogawanyika: moja kwenda Ujiji, nyingine Karagwe na Buganda, nyingine Ufipa na nchi za mbele. Wapagazi wengi walikuwa Wanyamwezi, na matembe makubwa yalikuwa ya Waarabu. Richard Burton na John Speke walipofika mwezi wa Novemba 1857 walipokewa na Sheikh Snay bin Amir, naye ndiye aliyewaeleza habari za maziwa kabla hawajayaona kwa macho yao. Ramani nyingi za Ulaya zilianza hivyo, kwa maneno ya wenyeji na wafanya biashara, ingawa majina yao hayakuandikwa kwa herufi kubwa.

Wa kwanza katika hao wawili alikuwa Verney Lovett Cameron, afisa wa manowari za Uingereza. Alifika Unyanyembe mwaka 1873, akashikwa na homa hata macho yake yakaingia kiza. Akiwa hapo hapo, mwezi wa Oktoba, Chuma alimletea habari ya kwamba Dakta Livingstone amekufa, na kwamba yeye na Susi na wenzao wako njiani wakiuchukua mwili wake kwenda pwani. Cameron hakurudi. Aliendelea mbele akipima njia nzima, akatokea bahari ya magharibi mwaka 1875. Wasafiri wa siku zile walikuwa na hila moja nzuri ya kujua kimo cha nchi: walichemsha maji na kutia kipima joto ndani yake, kwa sababu kadiri mtu anavyopanda juu ndivyo maji yanavyochemka kwa joto dogo zaidi. Cameron alitoa kitabu cha safari yake mwaka 1877. Miaka kama kumi baadaye akaanza kuwatungia vijana wa kwao hadithi za mabaharia na mikasa, mojawapo ikiwa ni ya Afrika ya Mashariki, na aliendelea na kazi hiyo mpaka alipoanguka kutoka juu ya farasi akafa mwaka 1894.

Joseph Thomson ndiye tunayemkusudia zaidi. Alizaliwa Scotland mwaka 1858, akasomea elimu ya miamba, yaani jiolojia, katika chuo kikuu cha Edinburgh. Mwaka 1879, akiwa na umri wa miaka 21 tu, alitoka Dar es Salaam pamoja na mkubwa wake, Keith Johnston, aliyepewa msafara na Chama cha Jiografia cha London. Haukupita muda Johnston akafa kwa ugonjwa huko Behobeho, karibu na mto Rufiji. Kijana akabaki na watu zaidi ya 100, katika nchi asiyoijua. Akaamua kusonga mbele. Yamkini asingalithubutu kama kiongozi wa wapagazi asingalikuwa Chuma, yule yule aliyeuleta mwili wa Livingstone. Chuma alijua lugha, alijua desturi za wakubwa wa nchi, na alijua lini msafara upumzike na lini uondoke. Mara nyingi tukisoma kwamba Mzungu fulani alivuka nchi kwa salama, hufaa tuulize ni nani aliyekuwa mbele yake akizungumza na watu.

Sasa lilikuwapo fumbo lililowasumbua wataalamu, nalo lilikuwa la kusisimua kuliko hadithi nyingi za kubuni. Ziwa Tanganyika hupokea mito mingi. Livingstone na Stanley mwaka 1871 waliuona mto Rusizi, wakakuta nao waingia ziwani, hautoki. Basi maji huenda wapi? Ziwa lisilo na mlango wa kutokea, maji yake hukaukia juani na chumvi hubaki, hata likawa la magadi. Lakini maji ya Tanganyika ni matamu. Mwaka 1874 Cameron alifika mahali paitwapo Lukuga, upande wa magharibi, akasema hapa maji yanatoka. Mwaka 1876 Stanley akapita hapo hapo, akakuta mafunjo na matope yameziba, akasema maji hayatoki bado, bali yakizidi kupanda yatatoka. Wasomaji wa Ulaya wakagawanyika, kila kundi likimwona mtu wa kundi la pili kuwa ama mwongo ama kipofu.

Kabla ya Thomson, mwaka huo huo wa 1879, mmisionari Edward Hore aliyekaa Ujiji alikwenda Lukuga akakuta maji yanatoka. Mwishoni mwa mwaka Thomson akafika, akaona mto wenye nguvu ukielekea magharibi hadi mto Kongo. Ukweli ni kwamba Cameron na Stanley wote wawili walisema kweli. Ziwa lilikuwa likipanda mwaka baada ya mwaka nyuma ya kizuizi cha matope na majani, na kizuizi kilipovunjika, kadiri ya mwaka 1878, maji yakapata njia. Kisha ziwa likashuka, na katika muda wa miaka 15 hivi likapungua karibu futi 30. Ndiyo maana mtu akienda Ujiji leo kuangalia mahali alipokutana Stanley na Livingstone huona ziwa liko mbali, na mgeni hudhani kwamba wazee walikosea mahali.

Katika kurudi, Thomson aliliona ziwa Rukwa kutoka juu ya milima, akalipa jina la mfalme wa Ubelgiji. Shukrani kwa Mwenyezi Mungu jina hilo halikushika. Rukwa ndilo mfano wa lile tulilokwisha kusema, maana halina mlango, na maji yake yana magadi. Kisha akaja Tabora, wakati Isike akitawala Unyanyembe na Mirambo akivuma huko Urambo, akaishika njia kubwa ya misafara, na mwezi wa Julai 1880 akaingia Bagamoyo. Hakupiga vita na mtu. Kitabu chake cha safari hiyo kilitoka mwaka 1881, kimeandikwa kwa lugha ambayo mtu asiyejua jiwe hili wala lile aweza kuifuata.

Mwaka huo huo Seyyid Barghash bin Said wa Unguja alimwita. Sultani alikuwa na meli za moshi, na meli za moshi hula makaa ya mawe, ambayo yote yalitoka ng'ambo kwa fedha nyingi. Ilikuwapo habari, ambayo asili yake ni Livingstone, ya kwamba upande wa mto Ruvuma yako makaa. Thomson akapelekwa akayatazame. Alichimba, akapasua, akatia motoni, akaona kwamba si makaa ya mawe bali ni udongo ulioshikamana ukawa jiwe, wenye mafuta kidogo ndani yake. Jiwe la namna hiyo ukilitia motoni hutoa moshi na pengine mwali, lakini moto ukizimika jiwe liko pale pale, halikupungua. Makaa ya mawe ni miti ya kale iliyofukiwa na kugandamizwa, nayo huungua ikabaki majivu.

Hebu msomaji ajiweke mahali pake. Kijana wa miaka 23, ameajiriwa na Sultani aliyekwisha kufanya matumaini makubwa, na hakuna mtu mwingine Unguja nzima awezaye kumpinga. Angaliweza kusema kwamba yako matumaini, tuchimbe mwaka mmoja zaidi, mshahara ukaendelea. Alirudi akasema hakuna makaa. Sultani hakufurahi hata kidogo, na kazi ikaisha. (Leo makaa ya mawe yanachimbwa Ngaka, wilaya ya Mbinga, mkoa wa Ruvuma, lakini hayo ni mahali pengine kabisa.) Sisi twaona kwamba siku ile Thomson alikuwa mtaalamu zaidi kuliko siku aliposimama Lukuga.

Lakini haikuwa hivyo siku zote. Mwaka 1883 aliingia nchi ya Wamaasai, na huko, ili apate kupita, alijifanya mganga. Alikuwa na meno ya bandia, akayatoa na kuyarudisha mbele ya watu. Akatia unga wa dawa ya tumbo katika maji yakafoka povu, akawaambia ni uganga mkubwa. Yote hayo aliyaeleza waziwazi katika kitabu chake cha mwaka 1885, tena kwa kicheko. Mwaka huo huo mtunzi Rider Haggard, aliyepata kukaa Afrika ya Kusini lakini hakupata kufika nchi hizo, alitoa hadithi ya Mashimo ya Mfalme Suleiman, na ndani yake yumo Mzungu anayewatisha watu kwa meno yake ya bandia. Hadithi ikanunuliwa kama mkate. Inasemekana Thomson alikasirika sana, akaona mtu ametajirika kwa jasho lake. Akatunga hadithi yake mwenyewe iitwayo Ulu, pamoja na mwanamke aitwaye Harriet-Smith, ya nchi za Kilimanjaro, ikatoka mwaka 1888 katika vitabu viwili. Haikununuliwa.

Hasira ile twaifahamu, lakini hatumhurumii sana. Meno yale yalikuwa hila tangu yeye mwenyewe alipoyatoa kinywani, na aliyejenga jina lake kwa kuwachekesha watu wa kwao juu ya ujinga wa Waafrika hana la kulalamika mwengine akiwachekesha zaidi. Wala kalamu yake haikubaki katika mawe na hadithi tu. Mwaka 1885 alitumwa na kampuni ya biashara ya Waingereza kwa Sultani wa Sokoto, akarudi na mikataba, na kwa karatasi kama hizo Waingereza walijengea madai yao juu ya nchi ile ya Waislamu. Alikufa mwaka 1895, na umri wake ulikuwa miaka 37. Jina lake liko mpaka leo juu ya swala mdogo wa nyika zetu.

Aliyezichukua kalamu hizo mbili akazitumia vizuri zaidi alitoka upande wa pili wa njia, Unguja, ambako misafara ilipata mali yake. Muhammed Said Abdulla alizaliwa Makunduchi mwaka 1918. Hakuwa mtaalamu wa chuo kikuu, ila alipomaliza masomo alifanya kazi miaka kumi katika idara ya afya, kazi ya kukagua usafi na kuangalia maradhi yatokapo. Kisha akaingia katika magazeti, na tangu mwaka 1958 hata 1968 alikuwa katika uhariri wa Mkulima, gazeti la kilimo la Tanganyika, ambalo kazi yake ilikuwa kumfikishia mkulima elimu ya shamba kwa Kiswahili. Na katika miaka ile ile alishinda shindano la hadithi la Afrika ya Mashariki kwa Mzimu wa Watu wa Kale, kilichopigwa chapa mwaka 1960, hadithi ya kwanza ya Bwana Msa.

Kiko cha Bwana Msa hatukisifu, na vijana wasimwige kwa hilo. Lakini tazama namna anavyofanya kazi. Maiti inakutwa penye mzimu, watu wanaogopa, nao wako tayari kusema kwamba ni kazi ya wasioonekana. Bwana Msa hamtafuti pepo. Anatazama alama, anauliza nani alikuwa wapi na saa ngapi, anamsikiliza kila mtu mpaka maneno yagongane, na mwisho anatoka mtu mwenye mikono na miguu. Ni mwendo ule ule wa mkaguzi wa afya aingiaye nyumba yenye wagonjwa watatu akaomba kwanza kuonyeshwa kisima. Thomson alipotaka kupita aliwatia watu khofu ya uganga usiokuwapo. Mtunzi wa Makunduchi aliikuta khofu iko tayari, akampa msomaji taa ya kuimulikia, kurasa baada ya kurasa, na msomaji akidhani anafuata hadithi tu.

Kisima cha Giningi, ambacho jina lake latokana na mahali ambapo Unguja husemwa ndipo wachawi hukutana, kilitoka mwaka 1968, mwaka ule ule alioiacha kazi ya Mkulima kwa kustaafu.