Walenisi: Falsafa ya dunia ya kubuni ambayo msee wa Langas anafaa kuijua kabla ya 2027

Kuna neno moja dogo hutisha watu Langas kila mwaka wa kura, na wala si tusi. Ni "wale". "Wale wamejipanga." "Wale wanakuja usiku." "Wale lazima warudi kwao." Hakuna mtu huuliza wale ni akina nani. Unacheki tu nani anaongea, unajua.

Sasa, kuna buda mmoja wa Pwani, Katama Mkangi, alilichukua hilo neno akalijengea dunia nzima. Mwaka 1995 alitoa riwaya inaitwa Walenisi. Kama hukuipata shuleni, tulia, tuichambue mdogo mdogo.

Stori iko hivi

Jamaa anaitwa Dzombo. Watawala wa kwao wanamwona adui, anahukumiwa kifo. Lakini hanyongwi. Anafungiwa ndani ya chombo cha angani na kurushwa huko juu akamalizikie mbele. Dzombo anapambana na hicho chombo hadi kinatua salama kwa dunia nyingine, Walenisi. Huko anapata watu wanaishi sawa, hakuna tabaka la juu linalokalia la chini.

Ukitarajia vita vya angani na madude ya kutisha, pole. Utamu wa hiki kitabu ni maswali: kumbe watu wanaweza kuishi hivi? Na kama wanaweza, sisi tulikwama wapi?

Jina lenyewe ndilo falsafa

Litenganishe: wale-ni-sisi. Hiyo ni sentensi kamili.

Hii ndiyo sehemu imeniweza. Mwaka 1516 Mwingereza Thomas More aliandika kuhusu kisiwa ambacho watu hawana mali ya binafsi, akakiita Utopia. Hilo jina alilitoa kwa Kigiriki na linamaanisha mahali ambapo hapapo. Yaani jina linakuambia mapema usijisumbue kutafuta. Jina la Mkangi halisemi mahali kabisa. Linasema ni nani. Kwa hivyo huwezi kujitetea ati hiyo dunia iko mbali.

Vile mimi naisoma, hii falsafa ina hatua tatu:

1. "Wale" ni kidole. Hilo neno halina maana hadi mtu asonte. Anayesonta akihama, wale wanabadilika. Ukiwa Kisumu Ndogo wewe ni "sisi" kwa ploti yako. Vuka uende Yamumbi, dakika hiyo hiyo unaweza kuwa "wale", na hujabadilisha hata viatu.

2. Kidole kina mwenye kufaidika. Mkangi alikuwa mwanasosholojia, na hata riwaya zake za awali, Ukiwa ya 1975 na Mafuta ya 1984, hazikutoka kwa mtu wa kuogopa maswali. Wa chini wakisontana, wa juu anakula bila kelele.

3. Usawa si huruma. Ukimsaidia "yule maskini", bado wewe uko juu na yeye chini. Wale ni sisi inasema shida ni moja. Mfereji wa ploti ukikauka, maji hayaulizi jina lako la pili.

Aliyeandika alikuwa ametoka wapi?

Mkangi hakuokota haya mawazo kwa hewa. Alizaliwa kwa Wamijikenda huko Kilifi, akawa mhadhiri wa chuo kikuu. Mwaka 1986, wakati serikali ya Moi ilikuwa inasaka watu wa Mwakenya, karao walimshika akawekwa kizuizini bila kesi. Kwa hivyo hukumu ya Dzombo iliandikwa na mtu aliyejua mlango wa seli ukifungwa unasikikaje. Mwaka 1997 alisimama urais kwa tiketi ya Kenya National Congress, akashindwa. Alifariki 2004.

Langas inaingia wapi hapo?

Langas ni wadi ya Kapseret, kando ya barabara ya kwenda Kisumu. Kwa ploti moja utapata Mluhya, Mkikuyu, Mluo, Mkalenjin na Mkisii wakishea choo na kamba ya kuanika nguo. Siku za kawaida hiyo ni Walenisi ya mabati, na hakuna mtu anaiita falsafa.

Halafu kura ikaja. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, Eldoret iliwaka, na Langas haikupona. Tarehe 1 Januari 2008, kanisa la Kiambaa, si mbali na hapa, lilichomwa likiwa na watu waliokimbilia humo kujificha. Tume ya Jaji Waki ilihesabu watu 1,133 waliouawa nchi nzima. Ukidhani hayo yaliisha, kumbuka Januari 2022: seneta mmoja alisema "madoadoa" kwa mkutano hapa Eldoret, kesho yake akashikwa. Madoadoa ni "wale" iliyovaa koti lingine.

Hii falsafa ina shimo?

Iko nalo, tena kubwa. Kama wale ni sisi, je, aliyenifunga pia ni sisi? Aliyechoma nyumba ya jirani? Mdosi anayepandisha kodi ya keja kila Januari?

Ukijibu ndiyo haraka, unaonekana unasamehe watu ambao hawajaomba msamaha. Ukijibu la, umeshaanza kusonta. Mimi naona njia ni hii: kuwa mmoja wetu hakumtoi mtu kwa kesi. Kunamweka ndani. Aliyechoma ana jina lake na anafaa kujibu kwa hilo jina. Kosa liko pale kabila lake lote linapobebeshwa kiberiti chake. "Wale" ndiyo husaidia mhalifu kujificha ndani ya umati.

Kura nyingine ni Agosti 2027. Ukisikia msee kwa steji ya boda ameanza "wale...", usimpigie kelele. Muulize tu: wale gani? Taja majina. Akianza kuyataja, sikiza vizuri, kwa sababu la tatu ama la nne litakuwa la yule mathee hukukopesha sukari.