Mfongo wa Baharini

Sogeeni karibu na jiko, wajukuu zangu. Ukisimama hapa kihambani, shamba letu la nyumbani huku Uru, asubuhi isiyo na mawingu, unauona mji wa Moshi pale chini, unaona miwa ya kiwanda cha sukari cha TPC ilivyotanda, na mbali zaidi unaona milima ya Upare. Bahari huioni. Hata hivyo leo nitawasimulia habari za bahari, kwa sababu kahawa yetu inaijua njia ya huko kuliko sisi.

Mwanzo wa safari yake mnaujua. Tunaichuma ikiiva nyekundu, tunaimenya, tunaiosha, tunaianika kwenye vichanja. Kisha inashuka Moshi kukobolewa, inapigwa mnada, inatiwa kwenye magunia ya kilo 60, na malori yanaipeleka bandari ya Tanga au ya Dar es Salaam. Meli ikielekea Ulaya, njia fupi ni ya kaskazini: inaipita Kenya, inaipita Somalia, inakata kuingia Ghuba ya Aden, halafu Bahari Nyekundu mpaka Mfereji wa Suez.

Kuanzia mwaka 2008 njia hiyo ilijaa maharamia. Novemba mwaka huo waliteka Sirius Star, meli ya mafuta yenye urefu wa mita 330 hivi, yaani viwanja vitatu vya mpira vikiunganishwa, ikiwa mbali kusini mashariki mwa Mombasa. Aprili 2009 wakaipanda Maersk Alabama, iliyokuwa ikileta chakula cha msaada Mombasa. Mwaka 2011 peke yake maharamia wa Somalia walishambulia meli mara 237.

Nchi nyingi zikaleta manowari zao. Zilikuja za Marekani, Ulaya, Uturuki, Pakistan, Korea Kusini, Japani, India na China. Hapo likazuka swali ninalotaka mlishike: nani amwamrishe nani? Wahenga walisema manahodha wengi, chombo huenda mrama. Manowari mbili zikifukuza boti moja, upande wa pili unabaki wazi. Nahodha asiyejua kwamba mwenzake yuko gizani anaweza kumlenga akidhani ni adui. Na hakuna nchi inayokubali kumkabidhi mgeni meli yake na vijana wake, afanye nao apendavyo.

Jibu lake nyinyi watoto wa mlimani mnalijua, kwa sababu mmelelewa na mfongo.

Mfongo wetu ni mfereji unaoleta maji kutoka juu msituni na kupita kwenye vihamba vya koo nyingi. Hakuna ukoo ungeweza kuuchimba na kuutunza peke yake. Siku ya kuuzibua, mzee wa mfongo anaita watu, na kila nyumba inatoa mtu na jembe lake. Mara yangu ya kwanza baba alinipeleka kwa mzee wa ukoo mwingine, akaniambia, "Leo msikilize huyu." Mzee akanipanga na vijana wanne: "Kuanzia mgomba ule mpaka jiwe lile, toeni tope." Nikatii kama ninavyomtii baba. Lakini mzee yule asingeweza kuniambia nikampalilie shamba lake. Hakuwa na ruhusa hiyo. Jua lilipozama nilirudi nyumbani, nikawa mtoto wa baba yangu kama siku zote.

Majeshi ya majini yanayoungana hufanya hivyo hivyo. Kamandi kamili inabaki nyumbani: nchi ndiyo mzazi wa meli na mabaharia wake, na inaweza kuwaita warudi siku yoyote. Kinachoazimwa ni udhibiti wa operesheni, yaani ruhusa ya kuipangia meli kazi iliyokubaliwa, kwa muda uliokubaliwa. Chini yake kuna udhibiti wa kimbinu, ambao ni kuiongoza meli kazi ikiendelea: zunguka pale, mfuate yule, ngoja hapa.

Muungano mkubwa wa namna hii una makao yake Bahrain, na una nchi zaidi ya 40, Kenya ikiwemo. Juu yuko admirali wa Marekani, na naibu wake anatoka Uingereza. Chini yao kuna vikosi kazi, kila kimoja na jukumu lake. Kikosi cha 151, kilichoundwa Januari 2009, kilipewa maharamia. Uongozi wake ni wa zamu, unabadilika kila baada ya miezi michache. Pakistan imekiongoza, Uturuki imekiongoza, Korea Kusini na Singapore pia. Mwaka 2015 ikafika zamu ya Japani. Nchi mwanachama hailazimishwi kutoa kitu. Inaweza kutoa manowari, au ndege, au maofisa wachache tu wa kukaa ofisini. Inaweza hata kusema, "Meli yangu itasindikiza, lakini haitakamata mtu." Kamanda mzuri analiandika hilo mapema, kisha anaipa kazi inayoiweza.

Wengine mwanzoni hawakuingia kwenye kikosi hicho. Umoja wa Ulaya ulikuja Desemba 2008 na kamandi yake wenyewe. China, India na Japani zilisindikiza meli kwa mipango yao. Hao walikuwa kama majirani wenye mifongo yao, lakini mto ni mmoja. Basi wote wakawa wanakutana Bahrain kupatana, na mwaka 2012 China, India na Japani zikaanza kupanga ratiba moja ya misafara. Ni zamu za maji hizo, wajukuu zangu.

Sasa twendeni baharini usiku mmoja wa miaka ile. Katika Ghuba ya Aden imechorwa njia ya meli yenye urefu wa maili 490 za baharini, upande mmoja wa kwenda mashariki, mwingine wa magharibi. Imegawanywa vipande, na kila manowari ina kipande chake, kama mgomba ule mpaka jiwe lile. Tuseme meli yenye magunia yetu inapita. Alfajiri, baharia wa zamu anaona boti mbili zinakuja mbio. Anainua darubini. Nyavu hazioni, ila anaona ngazi ndefu yenye ndoano. Mvuvi habebi ngazi! Anaita kwa redio, chaneli ya 16. Manowari ya nchi moja iko karibu, lakini helikopta iko kwenye manowari ya nchi nyingine. Hakuna anayeanza kuuliza nani mkubwa, kwa sababu swali hilo lilijibiwa zamani, mezani, watu wakiwa wametulia. Helikopta inaruka.

Nchi zetu nazo zilishika jembe. Januari 2009, kule Djibouti, Tanzania na jirani zake zilikubaliana kupeana taarifa za maharamia, na Dar es Salaam ikapewa kimoja kati ya vituo vitatu vya kuzikusanya. Vingine vilikuwa Mombasa na Sana'a. Mwaka 2012 Tanzania, Msumbiji na Afrika Kusini zikasaini makubaliano ya kulinda bahari pamoja.

Mwaka 2013 mashambulizi yalishuka hadi 15. Walinzi wenye silaha ndani ya meli walisaidia, na mabaharia walijifunza kujihadhari, lakini manowari zilizopatana zilikuwa na sehemu kubwa. Kisha hatari ikasahaulika, na meli za doria zikapungua. Desemba 2023 maharamia wakaiteka meli ya mizigo iitwayo Ruen, na ilichukua miezi mitatu hadi jeshi la majini la India lilipowaokoa mabaharia wake 17.

Mmeona mfongo ukiachwa msimu mmoja: tope linajaa, majani yanaota, na maji yanaishia kwa jirani wa juu. Kwa hiyo laleni mapema. Jumamosi tunazibua wa kwetu, na safari hii mzee wa mfongo anatoka ukoo mwingine. Mtamsikiliza. Kila mtu aje na jembe lake.